Goli la Sokoine hupitia Dar: TV za mikoani na milima ya Nyanda za Juu Kusini

Siku ya mechi ya ligi Uwanja wa Sokoine, Mbeya, aliyekaa kwenye kibanda umiza mtaa wa jirani husikia goli kabla hajaliona. Kelele za jukwaani zinamfikia kwa sekunde mbili tatu, huku mpira kwenye skrini bado uko katikati ya uwanja. Wengi husema dishi linachelewa. Dishi halina kosa. Picha imetoka uwanjani kupitia gari la matangazo, imepandishwa kwenye satelaiti iliyo karibu kilometa 36,000 juu ya ikweta, imeshuka Dar es Salaam, imebandikwa nembo na matangazo ya biashara, imebanwa upya, imepandishwa tena angani, ndipo ikamshukia mtu aliye mita mia nane kutoka golini. Kila safari ya kupanda na kushuka satelaiti inakula robo sekunde tu. Muda mwingi unaliwa na mashine zinazoibana picha na king'amuzi kinachoifungua.

Mzunguko huo ndio unaoeleza kwa nini ukiuliza redio ya hapa Iringa utatajiwa Ebony FM papo hapo, Mbeya utatajiwa Bomba FM, lakini ukiuliza TV ya hapa, mtu anafikiri kidogo kwanza.

Neno "kituo cha TV" linabeba kazi tatu ambazo kwa mtazamaji zinaonekana kama moja. Ya kwanza ni kutengeneza vipindi: kamera, studio, mhariri, mwandishi. Ya pili ni kuisafirisha picha kutoka studio hadi kwenye mnara. Ya tatu ni kuirusha kutoka mnarani hadi majumbani. Redio ndogo ya mjini inazifanya zote tatu chini ya paa moja. Mnara uko nyuma ya jengo au kilimani, na kiungo cha studio na mnara ni kisanduku cha masafa mafupi. TV za zamani za analojia nazo ziliweza hivyo. Za dijitali haziwezi, au zinaweza kwa gharama inayovunja moyo. Mengine yote yanatokea hapo.

Kwanza historia, kwa ufupi. Zanzibar ilikuwa na televisheni tangu 1973, tena ya rangi. Bara ilikaa bila TV miaka zaidi ya ishirini baada ya hapo, kwa sababu serikali ya Mwalimu Nyerere iliiona ni anasa ambayo nchi haikuwa na uwezo wa kuibeba. Mlango ulifunguliwa na Sheria ya Huduma za Utangazaji ya 1993, na mwaka uliofuata vikaja CTN, DTV (iliyokuja kuitwa Channel Ten) na ITV, vyote Dar es Salaam. Televisheni ya Taifa ilifuata mwishoni mwa muongo huo, ikaunganishwa na Radio Tanzania, na leo ndiyo TBC. Star TV ilianzia Mwanza, na hadi leo ndiyo mfano unaotajwa zaidi wa kituo kilichozaliwa nje ya Dar kikaenea nchi nzima. Sheria ile ya 1993 ilikuwa na kifungu ambacho wengi wamekisahau: mtangazaji binafsi hakuruhusiwa kufika zaidi ya asilimia 25 ya eneo la nchi. Kwa maneno mengine, mwanzoni sheria yenyewe ilikuwa inapendelea vituo vya eneo. Kilichokosekana mikoani ni fedha na watangazaji wa biashara.

Mikoa ya kusini basi ikapata TV kwa njia tatu. Njia ya kwanza ilikuwa mtambo wa kurudia: kituo cha Dar kinaweka dishi na kirushio kilimani, hakuna studio, pengine hakuna hata mtu isipokuwa mlinzi. Ya pili ilikuwa TV ya waya, yaani kebo: mfanyabiashara anafunga madishi makubwa juu ya paa, anakusanya chaneli, anavuta waya nguzo kwa nguzo mtaani na kukusanya ada nyumba kwa nyumba. Ya tatu ilikuwa leseni za TV za eneo, ambazo halmashauri kadhaa za miji nchini zilizichukua ili wananchi wapate matangazo ya kitaifa na, fundi na kamera vikipatikana, kikao cha baraza la madiwani au wiki ya chanjo.

Kituo cha njia hiyo ya tatu kilikuwa kitu cha kushangaza kwa udogo wake. Dishi la mita 2.4 hadi 3 la masafa ya C, risiva moja kwa kila chaneli, modyuleta ya kuiweka picha kwenye masafa ya TV, amplifaya ya wati 10 hadi 100, waya mnene wa kupanda mnarani na antena juu. Ukitaka kuingiza kipindi chako, unachomoa waya wa risiva na kuchomeka wa deki ya VHS. Ndiyo, kwa mkono. Mtazamaji aliona skrini nyeusi sekunde moja, kisha uso wa mkurugenzi wa mji. Jengo zima la "utangazaji" lingeweza kuwa chumba kimoja chenye feni, stebilaiza na kabati la kaseti.

Kwa nini wati 100 zitoshe? Kwa sababu TV husafiri kwa masafa ambayo hayapindi kufuata dunia. Yanafika kadiri antena inavyoona. Mafundi wana hesabu rahisi: chukua urefu wa antena kwa mita juu ya eneo linalolengwa, tafuta kipeuo cha pili, zidisha kwa 4.12, unapata kilometa hadi upeo wa masafa. Mnara wa mita 100 kwenye tambarare unatoa kilometa 41. Sasa tazama Loleza, mlima wenye minara unaoonekana kaskazini mwa jiji la Mbeya. Una mita 2,656, jiji liko karibu mita 1,700. Tofauti ya mita 950 hivi inatoa, kwenye karatasi, zaidi ya kilometa 120. Hakuna kampuni inayoweza kujenga mnara wa namna hiyo. Hapa mlima umeshautoa bure.

Kwenye karatasi, nimesema. Mlima huohuo unaokuinua ndio unaomziba mwenzako. Kutoka safu ya Mbeya, bonde la Usangu liko wazi kabisa upande wa kaskazini mashariki. Kyela haiko wazi: iko chini karibu na Ziwa Nyasa, kwenye mita 500 hivi, na katikati yake na Mbeya kumesimama Poroto na Mlima Rungwe wenye zaidi ya mita 2,900. Haijalishi unaongeza wati ngapi, Kyela inahitaji mtambo wake. Makete kuna mabonde ambayo kijiji kimoja kinaona na cha ng'ambo ya kilima hakioni. Iringa mjini, nyumba za Gangilonga ziko juu ya ukingo, Ipogolo iko chini mtoni; mnara mmoja unaweza kuwahudumia hawa na kuwaruka wale. Ndiyo maana Nyanda za Juu Kusini hula mitambo mingi kwa watu wachache kuliko Pwani, na ndiyo maana kampuni zinapohesabu faida, wilaya za milimani huwa za mwisho kwenye foleni.

Wakati wa analojia milima ilileta pia kile ambacho vijana wa leo hawakijui: picha mbili. Chenga zilikuwa dalili ya mawimbi hafifu, lakini picha mbili zilitokana na mawimbi kugonga mlima na kurudi yakiwa yamechelewa. Kwenye TV ya chogo ya inchi 21, mstari mmoja wa picha ulichorwa kwa mikrosekunde 52 katika upana wa sentimita 41 hivi. Mwangwi uliozunguka kilometa 3 zaidi ulifika mikrosekunde 10 baadaye, kwa hiyo mtangazaji alikuwa na pacha wake hafifu sentimita 8 kulia kwake. Mtu angeweza kupima umbali wa mlima kwa rula. Busta haikusaidia kitu, kwani ilikuza vyote viwili. Dawa ilikuwa kuzungusha antena hata picha kuu idhoofike kidogo, mradi mwangwi upotee.

Dijitali ililiponya hilo. Kiwango cha DVB-T2, kinachotumiwa kurusha TV ya dijitali kwa antena, huacha nafasi ya kinga kati ya vifurushi vya taarifa, na mwangwi unaofika ndani ya nafasi hiyo haudhuru, wakati mwingine hata husaidia. Lakini kikaondoka na uvumilivu wa analojia. Zamani mtu wa mbali alitazama mpira katikati ya chenga na kuridhika. Sasa picha ni safi, kisha inavunjika vipande, kisha inaganda, kisha hakuna kitu, na kati ya safi na hakuna kitu ni desibeli (kipimo cha nguvu ya mawimbi) mbili tatu tu.

Sasa turudi kwenye kazi tatu. Nchi za kanda yetu zilikubaliana Geneva mwaka 2006 kwamba analojia kwenye UHF (masafa ya juu ya TV) ikome 17 Juni 2015. Tanzania iliwahi mapema. Dar ilizimwa 31 Desemba 2012, zikafuata Dodoma na Tanga, Mwanza, Arusha na Moshi, na Mbeya ikafunga awamu ya kwanza mwishoni mwa Aprili 2013. Iringa na Songea zilingoja awamu ya pili. Kilichobadilika si picha tu. Serikali ilitenganisha leseni ya maudhui na leseni ya kurusha. Kituo cha TV kikabaki na kazi ya vipindi. Kurusha kukakabidhiwa kampuni tatu za kusambaza mawimbi: Star Media, yenye ubia wa TBC na StarTimes. Agape Associates, yenye Ting. Na Basic Transmissions, iliyotokana na wenye ITV na Star TV. Kuanzia siku hiyo kituo hakina mnara. Kina kiti kwenye basi la mtu mwingine.

Basi lenyewe lina viti vingi. Chaneli moja ya analojia ilikalia megahezi 8 peke yake. Megahezi hizohizo kwa DVB-T2 hubeba megabiti 30 hivi kwa sekunde, na chaneli ya picha ya kawaida ikibanwa vizuri huhitaji 2 hivi, kwa hiyo chaneli 15 zinakaa pale ilipokaa moja. Mtu akisikia hivyo anadhani vituo vidogo vilinufaika. Havikunufaika, na sababu ni mahali basi linapopakiwa. Chaneli zote hufungwa pamoja Dar es Salaam, kisha furushi zima hupelekwa kwa satelaiti au mkongo hadi kwenye kila mnara. Loleza inapokea furushi lilelile linalopokelewa Mwanza. Kituo cha Mbeya kinachotaka kuonekana Mwanjelwa kwa king'amuzi kina njia mbili: kuipeleka picha yake Dar, zaidi ya kilometa 800, na kulipia kiti cha nchi nzima wakati watangazaji wake wa biashara ni duka la pembejeo la Uyole na chuo cha Iyunga, au msambazaji afunge Mbeya mashine ya kufungua furushi, kuchomoa chaneli moja, kuingiza ya hapa na kulifunga upya. Njia ya pili inawezekana kabisa kiufundi. Kibiashara, msambazaji anauliza nani atalipia mashine, nafasi na fundi, na mazungumzo huishia hapo.

Redio haikupitia haya. Masafa ya FM kati ya 88 na 108 hayakuhamishwa kwenda dijitali, hivyo redio ya Njombe au Kyela bado ina mnara wake, kirushio chake na msikilizaji mwenye kiredio cha betri. Ukitaka kujua kwa nini salamu, matangazo ya msiba na bei ya viazi vilihamia redioni vikabaki huko, sababu ni hii zaidi ya mapenzi ya watu kwa redio.

Kebo ilidumu zaidi kwa sababu mwenye kebo ni kituo, msafirishaji na mrushaji kwa wakati mmoja, kama redio. Akitaka chaneli ya mtaa anaichomeka tu. Adui zake ni wengine: waya wa nje unaonyauka kwa jua, amplifaya za nguzoni zinazokufa umeme ukiyumba, wizi wa waya, na hesabu ya upotevu. Waya wa RG-6 hupoteza karibu desibeli 5 kila mita 30 kwenye masafa ya UHF, na kila desibeli 3 ni nusu ya nguvu. Nyumba ya mwisho mtaani ndiyo inayopata chenga, na ndiyo ya kwanza kuacha kulipa.

Halafu kuna suala lililowachanganya watu wengi mwaka 2018. Chaneli za kitaifa zisizolipiwa zilitakiwa kupatikana bure kwenye ving'amuzi vya ardhini, yaani vya antena, vya wasambazaji walio na leseni ya kuzibeba, hata kifurushi kikiisha. Kampuni za satelaiti hazikuwa na leseni hiyo, na Agosti 2018 ziliagizwa na Mamlaka ya Mawasiliano (TCRA) kuziondoa chaneli hizo. Mwenye king'amuzi cha antena kule Uyole aliendelea kuona TBC1 na ITV. Jirani yake mwenye dishi la kampuni ya kulipia akaamka hazipo. Wote wawili walidhani ni hitilafu. Swali la kwanza la fundi mzuri hadi leo ni hilo: cha antena au cha dishi?

Kwa wa antena, mambo machache yanaokoa fedha. Usiige antena ya jirani bila kuitazama. Nyingi zilizobaki juu ya mapaa ni za analojia ya VHF (masafa ya chini), mbavu zake zina sentimita 70 na kuendelea. UHF ya sasa inahitaji mbavu fupi za sentimita 20 hadi 30. Angalia pia kama mbavu za antena zinazopata vizuri mtaani kwako zimelala au zimesimama. Ukikosea hapo unapoteza nguvu nyingi hata kama umeelekeza sawasawa. Kwenye menyu ya king'amuzi kuna vipimo viwili, nguvu na ubora. Fuata ubora. Nguvu kubwa na ubora sifuri, hasa kwa aliye karibu na mnara, mara nyingi ni busta inayozidisha mawimbi hadi yanajikanyaga: iondoe kwanza kabla ya kununua kitu. Na Tukuyu, ambako mvua haina aibu, waya uachiwe ushuke chini ya tundu la ukutani kisha upande kuingia ndani, ili maji yadondoke nje. Maji yakishaingia kwenye waya, shaba hugeuka kijani na hakuna dawa ila kukata au kubadilisha.

Kwa wa dishi, ukiwa Mbeya ukielekeza satelaiti ya nyuzi 7 mashariki, ambayo ndiyo Azam TV wanayoitumia, dishi linatazama magharibi, kaskazini kidogo, likiwa limeinuka nyuzi 57. Iringa ni 55 hivi. Dishi la sentimita 60 likisogea nyuzi moja na nusu, yaani chini ya sentimita moja kwenye ukingo, unaweza kupoteza nusu ya mawimbi. Upepo wa Juni hadi Agosti unatosha kufanya hivyo kwa nati iliyolegea. Mvua ya masika nayo hukata picha, ila wa mjini Mbeya ana nafuu ndogo: kwa kuwa yuko mita 1,200 juu ya Kyela, mawimbi yake yanapita kwenye mvua kwa kilometa moja na ushee pungufu.

TV za mtandaoni zimechukua nafasi iliyoachwa, na kwa mtazamo wa kazi tatu zimerudisha zote mikononi mwa mtu mmoja mwenye simu. Kanuni za maudhui mtandaoni za 2018 ziliweka ada iliyofika shilingi 2,100,000 kwa mwaka wa kwanza, baadaye ikapunguzwa. Lakini ada si mzigo mkubwa kuliko wote. Kurusha mubashara kwa picha nzuri, megabiti 2.5 kwa sekunde, hula GB 1 na kidogo kwa saa. Mtazamaji naye kwa picha ya wastani analipa MB 450 hivi kutoka kwenye bando lake. Watazamaji mia moja ni GB 45 kwa saa. Mnara haukuwa hivyo: watu mia au laki moja, umeme ni uleule. Ndiyo maana TV hizi huishi kwa video za dakika tatu na kichwa cha habari cha kutisha, na ni nadra kuona kikao cha baraza cha saa nne kikirushwa chote.

Vikao hivyo vya saa nne, pamoja na ngoma, mahafali na hotuba za miaka ile, vingi viko kwenye kaseti za VHS na MiniDV ndani ya makabati ya ofisi na nyumba za wapiga picha wa zamani. Unyevu wa nyanda za juu unazimaliza. Kaseti yenye vumbi jeupe kando ya utepe ina ukungu. Usiichomeke kwenye deki, utachafua vichwa na kuambukiza kaseti zinazofuata. Ianikwe ndani, mahali pakavu penye hewa, siku kadhaa, kisha utepe ufutwe na anayeijua kazi hiyo. Kuhamisha hakuna njia ya mkato: kaseti ya saa moja inachukua saa moja, na MiniDV ikihamishwa kama ilivyo inajaza GB 13. Deki nzima ndiyo adimu kuliko yote, kwa hiyo ofisi iliyo nayo isiipeleke kwenye mnada wa vifaa chakavu kabla kabati halijakaguliwa.